Makhan Singh: Mhamiaji Aliyekifungua Chama cha Watu Wake



Kamati ya Jamii ilipokaa kupanga toleo hili la kumbukumbu, lilitolewa wazo kwamba kila taifa lililomo kambini lipeleke jina la mtu mmoja mashuhuri, aliyekwisha fariki, mwenye asili ya uhamiaji, ili habari zake ziandikwe na vijana wetu wazisome. Wazo hilo lilitugharimu mikutano mitatu. Wakongomani walikuja na mtu wao, Warundi na wao, Wasudani na wao, Wasomali vivyo hivyo, na kila jina lililotajwa lilipata watu wa kulipinga kabla halijaandikwa ubaoni. Mwishowe sisi walimu tukaagizwa tutafute mtu ambaye hakuna jumuiya ya hapa inayoweza kumdai peke yake.

Tumemchagua Makhan Singh. Wengine mtashangaa kwa nini tumemleta Mhindi mwenye kilemba katika jarida la wakimbizi wa Kakuma. Sababu ya kwanza ni kwamba sehemu ya kifungo chake aliitumikia hapa hapa Turkana, kule Lokitaung, kaskazini mwa Lodwar. Joto tunalolilalamikia na vumbi hili yeye aliyajua zaidi ya miaka 40 kabla kambi yetu haijafunguliwa mwaka 1992. Sababu ya pili itaonekana katika habari zenyewe.

Kwanza tuwakumbushe jinsi watu wa asili ya India walivyofika huku bara. Pwani walikuwapo tangu zamani, wakifanya biashara Zanzibar, Mombasa na Lamu. Kati ya mwaka 1896 na 1901 Waingereza walijenga reli kutoka Mombasa hadi ziwa Victoria, nao walileta vibarua na mafundi wapatao 32,000 kutoka India. Karibu 2,500 walikufa kazini kwa maradhi na ajali. Wengi wa waliobaki hai walirudi kwao mkataba ulipokwisha, na waliobaki huku hawakufika 7,000. Kwa hiyo si kweli, kama tunavyosikia hata wanafunzi wetu wakisema, kwamba kila Mhindi wa Kenya ni mjukuu wa kibarua wa reli. Wengi walikuja baadaye, kila mmoja kwa nauli yake, kwa kuitwa na ndugu au rafiki aliyetangulia. Kuja kwa namna hiyo sisi sote hapa tunakufahamu.

Baba yake Makhan, mzee Sudh Singh, alikuwa mmoja wao. Alikuwa seremala, Singasinga wa Punjab, naye alikuja Kenya mwaka 1920 kufanya kazi ya useremala katika reli. Mkewe na watoto aliwaacha kijijini Gharjakh, karibu na mji wa Gujranwala, ambako Makhan alizaliwa tarehe 27 Desemba 1913. Walimfuata Nairobi mwaka 1927, miaka saba baadaye. Baadaye mzee aliiacha kazi ya kuajiriwa akafungua kiwanda kidogo cha kupiga chapa.

Kijana alisoma katika shule ya serikali ya Wahindi, ambayo leo inaitwa Jamhuri High School. Wakati ule shule zilitengwa kwa rangi: Wazungu kwao, Wahindi kwao, Waafrika kwao. Hospitali zilitengwa hivyo, na mitaa ya kuishi pia. Mishahara ndiyo iliyotengwa zaidi, maana Mzungu alikuwa juu, Mhindi katikati, Mwafrika chini kabisa, hata kama wote watatu walikuwa wakijenga nyumba moja. Makhan alifaulu mtihani wa London mwaka 1931, na walimu wake walimsifu kwa hesabu. Pesa za kumpeleka chuo hazikuwapo. Akaingia katika kiwanda cha baba yake, akijifunza kupanga herufi za risasi, na jioni akiandika mashairi kwa Kipunjabi.

Mwaka 1934 mafundi wa Kihindi wa Nairobi waliunda chama cha wafanyakazi. Chama kilikuwa cha Wahindi, na jina lake lilisema hivyo. Hakikuwa na fedha wala mpangilio, kama vyama vingi vinavyoanza. Mwezi Machi 1935 wakamwomba kijana wa kiwanda cha chapa awe katibu. Inaelekea walimtaka kwa kuwa alijua kuandika barua na angeweza kuwapigia chapa matangazo yao kwa bei nafuu. Alikuwa na umri wa miaka 21.

Hapa tunaomba msomaji asimame kidogo nasi. Mwaka ule ule, kwa kushawishiwa na katibu huyo mpya, wanachama walilifuta neno "Wahindi" katika jina. Kikawa chama cha wafanyakazi cha Kenya, wazi kwa mtu yeyote afanyaye kazi, wa rangi yoyote na dini yoyote. Matangazo yakaanza kutoka kwa Kipunjabi, Kigujarati, Kiurdu na Kiswahili.

Mtu aliyekaa katika kamati yoyote ya kambi anajua ugumu wa jambo hilo. Chama cha watu wako ndicho kimbilio lako ugenini. Humo unazungumza lugha yako, mnazikana, mnachangiana harusi na matanga. Fundi wa Kihindi wa mwaka 1935 alikuwa na la kupoteza: mshahara wake, ingawa mdogo mbele ya wa Mzungu, ulikuwa mkubwa mara kadhaa kuliko wa Mwafrika aliyembebea zege. Kwa nini amfungulie mlango? Lakini Singh aliiona hesabu ilivyo. Wahindi wakigoma peke yao, mwajiri atawafundisha Waafrika kazi na kuwalipa kidogo. Waafrika wakigoma peke yao, atawatumia Wahindi. Mwajiri hakuhitaji nguvu nyingi maadam kila jamii ilikuwa na chama chake na mlango wake umefungwa.

Tusipambe habari kupita kiasi. Kulifuta neno hakukuwaleta Waafrika siku ya pili yake. Kwa miaka ya mwanzo karibu wanachama wote waliendelea kuwa Wahindi, na wapo walionung'unika kwamba katibu anawauza. Ilipofika mwaka 1939 ndipo viongozi wa Kiafrika walipoingia katika halmashauri ya chama, akiwamo Jesse Kariuki, aliyekuwa mtu mkubwa katika siasa za Wakikuyu.

Mapema kabla ya hapo chama kilikuwa kimeonyesha nguvu zake. Mwaka 1936 kilidai siku ya kazi iwe ya saa nane, na waajiri wengi wa Nairobi wakakubali. Aprili 1937 kilidai nyongeza ya mshahara, waajiri wakakataa, mafundi wakaweka nyundo chini. Mgomo ulichukua siku 62. Miezi miwili bila mshahara, katika mji ambao mgeni hana shamba la kurudia! Mwishowe waajiri walitoa nyongeza ya asilimia 15 na zaidi, wakawarudisha kazini waliogoma. Mwaka huo huo, chama kikiwa na wanachama Uganda na Tanganyika, jina lilibadilishwa tena likawa la Afrika ya Mashariki nzima.

Mwishoni mwa mwaka 1939 Singh alisafiri kwenda India kuona vyama vya huko vinavyoendeshwa. Vita vya pili vya dunia vilikuwa vimekwisha anza. Mei 1940 Waingereza waliotawala India wakamkamata, wakamfunga zaidi ya miaka miwili bila kumfikisha mahakamani. Walipomtoa gerezani walimzuia asitoke kijijini kwake hadi Januari 1945. Kisha akafanya kazi katika gazeti la Wakomunisti mjini Lahore. Alikuwa Mkomunisti, wala hakulificha hilo popote. Msomaji anayeipinga siasa hiyo, na tunao wengi hapa ambao nchi zao zimeumizwa na watu waliojiita hivyo, ana haki yake. Sisi tunasimulia aliyoyatenda.

Alirudi Kenya Agosti 1947, na tunaomba mwezi huo mwukumbuke. Ndio mwezi ambao India iligawanywa, Pakistan ikazaliwa, na mamilioni ya watu wakavuka mpaka mpya kwa miguu, kwa mikokoteni na kwa treni, huku wengi wakiuawa njiani. Gujranwala ikaangukia upande wa Pakistan. Masingasinga wa huko walikimbia wote, waliofika salama wakawa wakimbizi India. Kijiji alichozaliwa Makhan Singh kikawa katika nchi nyingine, na jamaa zake hawakuwamo tena.

Wakati huo huo serikali ya Kenya haikumtaka. Alipotua ikampa muda mfupi wa kukaa, kisha ikamwamuru aondoke arudi kwao. Alikataa. Alisema kwamba amekulia Nairobi, familia yake yote iko Nairobi, basi Kenya ndiyo kwao. Akapelekwa mahakamani zaidi ya mara moja katika mwaka ule na uliofuata, lakini serikali haikufaulu kumwondoa. Anayeijua foleni ya makaratasi atatuelewa tukisema kwamba sehemu hii tuliisoma mara mbili. Kwake alikoambiwa arudi ni wapi?

Aliposhinda hakukaa kimya ili serikali imsahau. Tarehe 1 Mei 1949, pamoja na Fred Kubai, mwana wa Mombasa aliyewaongoza madereva na wachukuzi, alianzisha shirikisho la vyama vya wafanyakazi wa Afrika ya Mashariki. Kubai akawa mwenyekiti, Singh katibu mkuu. Mwafrika mwenyekiti na Mhindi katibu, katika mji ambao wawili hao hawakuruhusiwa kulala mtaa mmoja! Serikali ilikataa kuliandikisha shirikisho hilo. Machi 1950, Nairobi ilipopewa hadhi ya jiji kwa sherehe kubwa mbele ya ndugu wa mfalme wa Uingereza, shirikisho liliwataka wafanyakazi wasisherehekee, kwa kuwa wao walikuwa wakiishi katika vibanda.

Tarehe 23 Aprili 1950 palikuwa na mkutano wa hadhara katika ukumbi wa Kaloleni, Nairobi, ulioitishwa kwa pamoja na chama cha Waafrika cha KAU na chama cha siasa cha Wahindi. Makhan Singh alisimama akatoa pendekezo kwamba nchi za Afrika ya Mashariki zipewe uhuru kamili, na zipewe sasa. Watu wa KAU wenyewe walikuwa bado wakidai viti zaidi katika baraza la kutunga sheria. Kudai uhuru kamili mbele ya umati, kwa wazi namna ile, halikuwa jambo la kawaida hata kidogo, na lilitoka kinywani mwa mtu ambaye serikali ilikuwa ikimwita mgeni. Umati ulilipokea.

Wiki tatu baadaye, tarehe 15 Mei, yeye na Kubai walikamatwa. Wafanyakazi wa Nairobi wakagoma jiji zima kwa siku kadhaa, wakidai viongozi waachiwe na mshahara wa chini uwe shilingi 100 kwa mwezi. Polisi na askari waliletwa, gesi ya kutoa machozi ikapigwa, mamia wakakamatwa. Waliogoma, wengi wao mno, walikuwa Waafrika. Mlango uliofunguliwa mwaka 1935 ulikuwa umekwisha ingiwa.

Kesi yake ilisikilizwa Nyeri na jaji Thacker, ambaye baadaye ndiye aliyemhukumu Jomo Kenyatta Kapenguria. Sheria iliyotumika ilitungwa mwaka 1949 na iliwahusu wahamiaji. Haikuhitaji kuthibitisha kwamba mtu ameiba au ameua. Ilitosha kuonekana kuwa yeye ni hatari, na kwamba ana asili ya kwingine. Singh aliieleza mahakama bila kuzunguka kwamba Waingereza hawana haki ya kuitawala nchi hii. Gavana akaamuru awekwe kizuizini, bila kutaja mwisho.

Kwanza walimpeleka Lokitaung. Turkana ilikuwa wilaya iliyofungwa wakati ule, mtu hakuingia wala kutoka bila kibali. Mke wake Satwant Kaur alibaki Nairobi na watoto watatu. Baadaye Kenyatta na wenzake waliohukumiwa Kapenguria nao waliletwa Lokitaung, ila Singh alihamishiwa Maralal na kisha Dol Dol. Serikali ilikuwa radhi kumwachia siku yoyote kama angekubali kuondoka Kenya moja kwa moja. Hakukubali. Angeweza kusaini karatasi moja akawa huru Delhi au Bombay. Hapa walimu wenyewe tuligawanyika tulipokuwa tukiandika. Baadhi yetu tulisema alikuwa shujaa, na mmoja wetu, mwanamke anayelea watoto peke yake kambini, alisema tusiwasahau waliolipa gharama hiyo pamoja naye bila kuulizwa. Yote mawili tumeyaandika.

Aliachiwa Oktoba 1961, baada ya karibu miaka 11 na nusu. Kenyatta alikuwa ametoka miezi miwili kabla, naye alikuwa amefungwa muda mfupi zaidi. Singh alijiunga na KANU mara moja. Uhuru alioudai Kaloleni ulifika tarehe 12 Desemba 1963, na katika kugawa vyeo hakuna aliyemkumbuka. Hakupewa wizara, hakupewa ubalozi, hata vyama vya wafanyakazi vilikuwa na wakubwa wapya. Katika habari tulizosoma hatukuona mahali alipolalamika. Alikaa chini na makaratasi yake, ambayo alikuwa ameyatunza tangu miaka ya 1930, tangazo kwa tangazo, risiti kwa risiti, akaandika historia ya vyama vya wafanyakazi vya Kenya hadi mwaka 1952. Kitabu kilitoka mwaka 1969. Wanaokisoma wanasema ni kikavu, tarehe na majina tupu. Sisi tunaofundisha historia tunakiona kuwa hazina, kwa sababu majina ya waashi, madereva na wachukuzi, ambao hakuna mwingine angewaandika, yamo.

Alifariki Nairobi tarehe 18 Mei 1973, akiwa na miaka 59. Makaratasi yake yamehifadhiwa Chuo Kikuu cha Nairobi. Mwaka 2017 serikali ya Kenya ilitangaza kwamba Wakenya wenye asili ya Asia ni kabila la 44 la nchi hii. Yaani miaka 44 baada ya kufa kwake.

Wapo waliotuuliza kwa nini hatukumchagua A. M. Jeevanjee, ambaye alitangulia, akawa tajiri mkubwa, akawapa watu wa Nairobi bustani inayoitwa kwa jina lake hadi leo. Ni swali la haki, na Jeevanjee naye alipigania haki za Wahindi kwa bidii. Lakini tulipotazama orodha za majina zilizoletwa na jumuiya zetu, tuliona kwamba karibu zote zilikuwa za matajiri, wakuu wa majeshi na wanamuziki, kila mmoja akisifiwa kwa alichowafanyia watu wake. Tulimtaka mmoja wa namna nyingine.

Tunalo na ombi. Walimu wakimbizi wa kambi hii hawalipwi mshahara bali motisha, na katika shule moja ambayo hatutaitaja, walimu wa mataifa manne waliwahi kuandika barua nne tofauti kuhusu jambo moja lile lile, kila taifa barua yake, na zote nne zikajibiwa kwa ahadi. Tangu tuisome habari hii tumeanza kukutana pamoja Jumamosi, saa tisa alasiri, chini ya mti ulio nyuma ya jengo la Kamati. Mwalimu yeyote anakaribishwa, wa taifa lolote, na wenyeji Waturkana wanaofundisha pamoja nasi vile vile. Na kwa watumishi wa mashirika wanaokwenda Nairobi mara kwa mara: kitabu cha Makhan Singh hakimo katika maktaba ya kambi. Atakayekipata, hata kikiwa kikuukuu, tunaomba atuletee, tutakitunza.